UZI: Mchekeshaji anayechora, au mchoraji anayechekesha? Habari za Jim Moir (Vic Reeves)

#1 Brashi Mbili (mwenye uzi)

Masalkheri jamaa zangu. Uzi ni mrefu, aliyeacha sufuria jikoni akazime kwanza.

Kazi yangu ni kuandika mabango. Kinyozi, hoteli, karakana, "Usikojoe Hapa", yote hayo ni mkono wangu. Ukipita Majengo kuelekea Buxton, hapa Mombasa, pengine ushasoma herufi zangu bila kunijua. Usiku nafanya jambo jingine ambalo sina jina lake. Mwezi jana nililifanya mbele ya watu katika ukumbi mmoja hapa mjini, jina nalihifadhi. Niliingia jukwaani na ngazi yangu ya kazini, nikaipanda, nikaandika kwenye ubao kwa herufi kubwa MCHEKESHAJI YUAJA. Nikashuka, nikaketi, nikamngojea pamoja nao.

Dakika kumi na moja.

Watu wawili walicheka mpaka wakashika ukuta. Waliobaki walidhani mimi ni fundi niliyekuja kurekebisha taa. Mwenye ukumbi akanipa nauli tu, akanilaumu kwamba nimekula muda wa msanii. Msanii nilikuwa mimi.

Sikuja kulia hapa. Mmoja wa wale wawili alinifuata nje, akaniambia, "Wewe ni Vic Reeves wa Majengo." Sikumjua huyo Vic. Nimekaa wiki mbili na bando za usiku nikimtafuta, na sasa lazima nimwambie mtu, maana mke wangu amechoka kusikia.

#2 Brashi Mbili

Vic Reeves ni jina la jukwaani la mchekeshaji mmoja Mwingereza. Mwenyewe ni James Roderick Moir, kwa mkato Jim. Alizaliwa Leeds Januari 1959, akakulia Darlington, mji wa reli kaskazini mwa Uingereza. Alipotoka shule hakwenda kwenye mambo ya maigizo. Aliingia kiwandani kujifunza ufundi wa mitambo. Nilipofika hapo nikasimamisha video, nikanywa maji. Fundi mwenzangu!

Baadaye akahamia London, na miaka ya 80 akasoma sanaa kwa kozi ya saa chache huku akihangaika na vibarua na bendi zisizofika popote. Alikuwa akichora tangu utotoni. Shikeni hilo, nitalirudia.

Mwaka 1986 akapata chumba katika baa iitwayo Goldsmiths Tavern, mtaa wa New Cross, kusini mashariki mwa London. Humo akaanzisha usiku wake mwenyewe. Si usiku wa wachekeshaji kumi wanaopokezana maikrofoni. Wake peke yake, akauita usiku mkubwa kana kwamba ni televisheni ya taifa, na wasikilizaji wenyewe ni wachache mno. Mtu mmoja aliyehudhuria alikuta hivi: jamaa amevaa kinyago cha uso wa mwimbaji Bryan Ferry, amefunga mbao miguuni, na anajaribu kucheza ile densi ya kugonga viatu.

Yule mtu alikuwa wakili wa London, Bob Mortimer, mzaliwa wa Middlesbrough, mwaka ule ule wa 1959. Alikwenda kutazama tu. Hajatoka mpaka leo.

Naenda kumalizia bango la duka la dawa, nitarudi.

#3 Kijana wa Kongowea

Nimesoma mpaka kwenye mbao. Mzungu akifunga mbao miguuni ni sanaa. Mimi nikifunga mbao miguuni hapa Kongowea, kabla ya magharibi nasomewa ruqya.

#4 Bint Mvita

@Kijana wa Kongowea umeniua 😂😂

Lakini nina swali la haki. Aliyecheka pale alicheka nini hasa? Mimi ningemwonea huruma mtu anajikwaa.

#5 Brashi Mbili

Dadangu Bint, umeuliza swali lenyewe.

Bryan Ferry ni mwimbaji wa bendi ya Roxy Music, mtanashati wa suti, nywele zimelala vizuri. Sasa chukua uso wa mtanashati huyo, uubandike juu ya mtu asiyeweza kunyanyua mguu. Hakuna kichekesho hapo cha kusimulia. Ukimsimulia mtu kwenye simu atakuuliza, "Halafu?" Hakuna halafu. Hiyo ni picha. Ukiitia kwenye turubai na kuitundika ukutani utaitazama, utacheka, na hutajua kwa nini. Yeye aliivaa badala ya kuitundika.

Ndiyo maana nasema Moir hakuacha uchoraji akaingia kwenye vichekesho. Alibadilisha ukuta.

Mei 1990 usiku ule wa baa ukahamia televisheni, Channel 4, jina lile lile: Vic Reeves Big Night Out. Anaketi nyuma ya meza kama msoma habari. Pembeni yuko Les, jamaa wa koti jeupe, kipara, hasemi neno, anaogopa majani membamba ya kitunguu na anapenda pima maji. Pima maji, jamaa! Kifaa nilicho nacho kwenye mfuko wa suruali hivi sasa. Kisha anaingia Jaji Nutmeg, yaani Jaji Kungumanga, na gurudumu lake la haki. Kisha Mortimer, kavaa kofia ya karatasi iliyochorwachorwa iliyomfunika uso wote, mkononi ana fimbo ndefu na ncha yake imefunikwa. Ukumbi mzima unapiga kelele kuuliza kuna nini kwenye ncha ya fimbo.

Vingi vya vitu vile vinaonekana vimeundwa kwa kadibodi, gundi na rangi. Ukiwa fundi unaona gundi. Mimi niliiona gundi nikafurahi kuliko kichekesho.

Wakapewa tuzo ya ubunifu ya BAFTA, zile tuzo za filamu na televisheni za Uingereza. Mwaka 1991 Vic akaimba na bendi ya The Wonder Stuff, wimbo ukashika namba moja Uingereza. Miaka mitano tu tangu mbao.

#6 Baharia Mstaafu

Masalkheri mwanangu. Mimi nimepanda meli miaka ishirini na mbili, na hao Waingereza nimewaona kwao, baridi yataka kukukata masikio, na wao wasimama nje wala viazi. Watu wa ajabu. Lakini nataka nikwambie jambo la hapa.

Nilipokuwa mdogo Mji wa Kale, kwenye harusi palikuwa na mtu wa kazi kama hiyo yako isiyo na jina. Yuaja na koti la kizungu kubwa kuliko yeye, miwani haina vioo, mkononi ana daftari. Awaamkia wakubwa mmoja mmoja kwa adabu, kisha awasomea kwenye daftari lugha isiyokuwako duniani. Asoma kama karani wa bandari asomavyo orodha ya mizigo. Watu wateka hata matozi yawatoka. Hakuna aliyemuuliza maana yake.

Sasa tazama tofauti yako na yake. Yeye alikuja na salamu na daftari. Kila mtu ajua salamu, kila mtu ajua karani. Ndani ya vile wanavyovijua ndimo alimotia wazimu wake. Wewe umewatilia kiti na ngazi, ukawaacha. Wangeshika nini? Shoo yako haina mlango wa kuingilia, baba.

Na hayo mambo ya ruqya, kijana, hata mimi nimeteka.

#7 Brashi Mbili

Ami, umenipiga penyewe. Nimekaa na maneno yako tangu asubuhi.

Kwetu wachoraji tungeiita fremu. Nimerudi kutazama video zangu na nimeona Moir kila mara anayo. Usiku ule wa kwanza fremu yake ni onyesho la burudani la televisheni ya zamani, msanii mwenye majivuno na meza. Mwingereza yeyote wa umri ule aliijua hata akiwa usingizini. Ndani yake ndipo unapomkuta Jaji Kungumanga.

Halafu ukaja Shooting Stars, BBC, kuanzia 1995 baada ya jaribio la 1993. Huo ni mchezo wa maswali. Timu mbili, wageni mashuhuri, alama. Kila mtu anajua mchezo wa maswali. Lakini mwenye kuweka alama ni mtoto mchanga mkubwa wa kipara, mavazi ya mtoto, anapiga ngoma, jina lake George Dawes. Aliyemwigiza ni Matt Lucas, akiwa kijana mdogo kabisa. Na kuna swali ambalo Vic anaimba wimbo maarufu kwa sauti ya mwimbaji wa vilabu vya kaskazini, maneno yote yamesagika, na wageni wabahatishe ni wimbo gani.

Jamaa, hilo tunalo sisi! Ni taarabu ya harusi ya jirani kupitia spika iliyopasuka. Unasikia "habiiiibi ng'wang'wang'wa" na bado nyumba nzima inabishana ni wimbo wa nani.

#8 Bint Mvita

Hapa kwetu Kuze tumebishana mpaka saa nane za usiku juu ya wimbo mmoja. Kesho yake ikabainika ni tangazo la simu.

#9 Kijana wa Kongowea

Sawa, fremu nimeikubali. Lakini bado hujanijibu. Huyo ana Channel 4, ana BBC. Wewe una ngazi. Akina Mzee Ojwang walitoa jasho kwenye televisheni miaka na miaka, nchi nzima inawajua, na macho yalipomsumbua ilibidi Wakenya wamchangie. Alifariki 2015. Na yeye alikuwa akifanya vichekesho vya kueleweka! Wewe unataka kula kwa visivyoeleweka?

#10 Baharia Mstaafu

Hilo ni neno zito. Na jirani yetu wa Tanga, Mzee Majuto, Mungu amrehemu, alitufariki Agosti 2018. Kanda zake hapa Mombasa zilikuwa zauzwa hadi kwenye feri. Sijui ngapi kati ya hizo zilimfikishia senti yake.

#11 Wakili Asiyelala

Nimekuwa nasoma kimya, lakini mmenigusa mara mbili, kwa wakili na kwa senti.

Kwanza, Mortimer. Aliacha uwakili televisheni ilipoanza. Nawaambia kama mtu wa kazi hiyo: hapo kuna ushujaa kuliko wa kufunga mbao. Mbao unazifungua usiku. Leseni ya uwakili ukiiacha, mama yako anaingia kitandani siku tatu. Na tazameni alileta nini. Moir alikuwa na picha, Mortimer alileta mtu wa pili wa kuzitazama picha hizo akiwa ndani ya fremu. Wakipigana kwa masufuria makubwa kichwani, kelele zote, ni wawili. Mtu mmoja akijipiga sufuria ni mgonjwa. Wawili ni watani. @Brashi Mbili, ukumbini ulikuwa peke yako.

Pili, senti. Sheria yetu ya hakimiliki ni ya 2001, na inamlinda mwenye kazi tangu kazi iwekwe kwenye umbo la kudumu. Shoo yako ya ngazi haikuandikwa, haikurekodiwa, basi mikononi huna kitu. Michoro yako ya maandalizi, ubao ule wenye herufi, video, hivyo ni mali yako. Huyo Moir unayemsifia, michoro yake iko kwenye karatasi. Usicheze na karatasi.

#12 Brashi Mbili

Wakili, ubao niliuacha ukumbini. Naona aibu.

#13 Wakili Asiyelala

Kauchukue.

#14 Kijana wa Kongowea

Bado na wazungu wangu. Mtu wa harusini wa Ami Baharia alifanya yale yale, na jina lake hata hapa halikutajwa. Mzungu akifanya anapewa tuzo ya ubunifu. Ubunifu wa nini, kama Mji wa Kale walikuwa nao?

#15 Brashi Mbili

Kijana, ngoja nikupe zawadi. Hii niliipata saa tisa za usiku na nikapiga yowe, mtoto akaamka.

Mwaka 2016 Moir alitengeneza filamu ya BBC kuhusu Dada. Si dada wa kike, Bint usikasirike. Ni kundi la wasanii lililoanzia Zürich, Uswisi, Februari 1916, katika ukumbi mdogo ulioitwa Cabaret Voltaire. Ulaya iko vitani, wanakufa kwa maelfu, na wasanii waliokimbilia Uswisi wakaona maneno yenye maana ndiyo yaliyowafikisha watu kwenye mahandaki. Basi wakaamua kusema yasiyo na maana. Hugo Ball alivaa mirija ya kadibodi mwili mzima, akashindwa kutembea, wakambeba hadi jukwaani, akasoma shairi la sauti tupu. Kadibodi tena! Moir mwenyewe anawahesabu hao kuwa babu zake, na ukimtazama huhitaji kuambiwa.

Sasa sikia. Mmoja wao, Richard Huelsenbeck, alikuwa akipanda jukwaani na ngoma na kusoma mashairi aliyoyaita ya Kiafrika. Ameyatunga mwenyewe, hajafika Afrika. Na kila ubeti anaumalizia kwa kelele: "Umba! Umba!" Kwake ni sauti ya porini isiyo na maana.

Jamaa zangu, UMBA. Wewe mtu wa Kongowea, niambie maana ya umba.

#16 Bint Mvita

Subhanallah. Anaamrisha watu waumbe 😂😂😂

#17 Brashi Mbili

Bado. Mwenye ukumbi alikuwa mzee wa Kiholanzi aliyewahi kuwa baharia, Jan Ephraim, ambaye alizunguka bandari za mbali. Akamwita Huelsenbeck pembeni, akamwambia hayo si ya Kiafrika, akampa maneno mengine ayasome. Huelsenbeck akayasoma ya baharia, lakini mwisho wa kila ubeti akarudishia umba yake. Hakuweza kuiacha.

Kwa hiyo Kijana, ugomvi wako nao una mashiko. Walivaa vinyago wakijifanya sisi, nasi hatukuwamo chumbani. Aliyekaribia ukweli alikuwa baharia. Na neno pekee lenye maana usiku ule lilikuwa letu, na msemaji hakujua.

#18 Baharia Mstaafu

Wallahi nimeinuka kitini. Baharia ndiye aliyemrekebisha! Nimemsomea bibi yenu, asema, "Na alimlipa?"

#19 Kijana wa Kongowea

Haya nimenyamaza. Kwa leo.

#20 Matuga Express

Naingia kwa tuktuk yangu ya pembeni. Mnamsifia Moir kwa sababu hamjamtazama Andy Kaufman wa Marekani. Huyo ndiye aliyewangojesha watu kweli. Alikuwa akipanda jukwaani na kuwasomea riwaya nzima kwa sauti kavu mpaka waondoke. Aprili 1979, Carnegie Hall pale New York, alipomaliza shoo aliwapakia watazamaji kwenye mabasi akawapeleka kunywa maziwa na kula biskuti. Akapigana mieleka na wanawake, kisha Memphis 1982 mpiganaji Jerry Lawler akambeba akamgonga kichwa chini, akavaa shingo ya plasta. Baadaye sana watu wakajua ilikuwa mipango yao wawili. Alikufa kwa saratani ya mapafu Mei 1984, ana umri wa miaka 35, na kuna watu mpaka leo wanasema anajificha.

Hiyo ngazi ya Brashi ni ya Kaufman, si ya Moir.

#21 Brashi Mbili

Matuga, nimemtazama kwa ajili yako, usiku mzima. Ni kweli ngazi ilikuwa ya kwake. Na hapo ndipo nilipojua sitaki kuwa yeye.

Kaufman anakuwinda wewe mtazamaji. Unatoka hujui kama umedanganywa, na yeye hakuonyeshi gundi hata kidogo. Moir anakuonyesha gundi tangu dakika ya kwanza, anakwambia tazama upuuzi nilioutengeneza, njoo tuuone wote. Mimi ni mwandika mabango. Bango likimwacha mtu nje, nimekosa kazi yangu. Pale ukumbini niliwafungia mlango nikadhani nimebuni kitu.

Maziwa na biskuti lakini ni zuri. Hilo naliiba.

#22 Mama Karai

Watoto nyinyi mnaandika sana. Mimi nakaanga viazi karai jioni, simu naishika kwa mkono mmoja. Swali langu ni dogo: huyo mtu sasa yuko wapi? Maana mchekeshaji akizeeka hubaki na nini?

#23 Brashi Mbili

Mama, hapo ndipo nilipotaka kufika.

Sasa anachora ndege.

Kwa miaka mingi alionyesha picha zake kwenye majumba ya sanaa huku watu wakimjua kwa masufuria. Siku hizi amerudia jina la mama na baba, Jim Moir. Mwaka 2023 kituo cha Sky Arts kilianza kuonyesha kipindi chake na mkewe Nancy, wanazunguka Uingereza wakitafuta ndege, kisha anawachora. Ametulia kwenye nyasi na darubini. Hakuna mbao, hakuna jaji. Nilipokiona mara ya kwanza nikadhani hapa amezeeka, ameokoka. Kisha nikatazama vizuri anavyowachora. Yule ndege anasimama kama mtu aliyekaribia kusema jambo la aibu kisha akaahirisha. Ni uso ule ule wa 1990, umepata manyoya.

Na sikio moja limemwacha. Mwaka 2021 alieleza kwamba ana uvimbe usio wa saratani kwenye mshipa wa usikivu na upande mmoja hasikii kabisa. Fikiria mtu wa kutafuta ndege ambaye hawezi kujua mlio unatoka upande gani. Bado anawatafuta. Anatumia macho, na macho ndiyo aliyoanza nayo.

Ndiyo maana nilisema mwanzoni mshike habari ya kuchora. Baa ilikwisha, televisheni inakuja na kuondoka, Shooting Stars ilifutwa na kurudishwa zaidi ya mara moja, mpaka ikafungwa 2011. Brashi haikumngojea mkurugenzi yeyote.

Mortimer naye moyo ulimsumbua, akafanyiwa upasuaji mkubwa 2015. Tangu 2018 yuko BBC na rafiki yake Paul Whitehouse, ambaye naye alikuwa mgonjwa wa moyo, wanavua samaki mitoni na kuzungumza. Wakimpata wanamshika, wanamsifu, wanamrudisha majini.

#24 Mama Karai

Wanamrudisha nani?

#25 Brashi Mbili

Samaki, mama.

#26 Mama Karai

Astaghfirullah.

#27 Baharia Mstaafu

Mama Karai, na hicho ndicho kichekesho kikubwa kuliko vyote vilivyoandikwa hapa. Wamemvua, wamemuona, wamemrudisha! Kamwambie mvuvi wa Likoni.

#28 Bint Mvita

Brashi, kama ni ndege basi wewe una kunguru. Tena 2024 serikali ilitangaza itawaangamiza kunguru milioni moja. Wachore kabla hawajaisha. Mmoja aliniibia maandazi mawili mkononi, akasimama juu ya ukuta akinitazama kama afisa wa ushuru.

#29 Brashi Mbili

Afisa wa ushuru! Bint, nimeshachora. Nimemchora juu ya kipande cha plywood kilichobaki kwenye kazi ya duka la dawa. Ana koti la karani na daftari. Koti nimelitoa kwa Ami Baharia, kwa idhini yake nikiipata.

#30 Baharia Mstaafu

Idhini unayo. Miwani usitie vioo.

#31 Wakili Asiyelala

Tia sahihi na tarehe nyuma ya hiyo plywood. Leo.

#32 Kijana wa Kongowea

Mimi nina swali la mwisho, la kweli sasa. Ukumbi utapata wapi? Kumbi za kukodi utaishia kutoa pesa zako. Swahilipot pale karibu na Fort Jesus kuna jukwaa, vijana wengi wanaanzia pale, lakini utapewa dakika kumi kati ya washairi na warapa. Huyo wako alianza na chumba chake mwenyewe.

#33 Brashi Mbili

Umesema vizuri kuliko mimi. Nikijumlisha hesabu zake zote, kilichomsaidia Moir kabla ya Channel 4 ni chumba kile kile cha baa kila wiki. Kichekesho cha aina hii mara ya kwanza watu hawakielewi. Wakirudi wiki ya pili na Les yuko pale pale na pima maji yake, wanamsalimia. Ya tatu wanamletea rafiki. Upuuzi ukirudiwa mahali pamoja unakuwa desturi. Mimi nilikwenda mara moja, ukumbi wa watu, nikataka wanielewe kabla ya chai kupoa.

Baa siwezi, nyumbani hawataki kusikia. Nataka mahali pa kawaida, pana watu wanaokula.

#34 Mama Karai

Niko nyuma ya uwanja hapa Tononoka, mkokoteni na viti kumi na vinne vya plastiki. Alhamisi wateja ni wachache. Njoo na ngazi yako na huyo kunguru. Kuanzia baada ya isha, mwisho saa tatu na nusu. Hela sitoi, nakupa viazi na ukwaju. Kiti kikivunjika utanunua.

Na bango langu limefutika tangu mvua za masika. Utaliandika kwanza.

#35 Brashi Mbili

Mama, Alhamisi niko hapo na rangi. Bango bure.

#36 Kijana wa Kongowea

Wakili alisema uwe na mtu wa pili.

#37 Brashi Mbili

Ndiyo.

#38 Kijana wa Kongowea

Nina koti kubwa la marehemu babu. Sisemi zaidi ya hapo.

#39 Wakili Asiyelala

Mimi nitaleta leseni yangu niiache mlangoni 😂 Natania. Nitakuja kutazama tu.

#40 Matuga Express

"Kutazama tu." Mortimer naye alisema hivyo. Mama Karai, maziwa na biskuti yapo?

#41 Mama Karai

Kuna chai ya rangi na mahamri. Maziwa unakuja nayo kwenu.

#42 Bint Mvita

Na yule mchekeshaji aliyeandikwa ubaoni kwamba yuaja, Alhamisi atafika?

#43 Brashi Mbili

Nimempigia. Anasema amekwama kwenye foleni ya feri.